Hoja Saba za Marwa

Ndugu zangu, tangu nirudi mmeniuliza ofisini, mmeniuliza dukani, mmeniuliza hata kwenye kikundi chetu cha simu, ni nini kilichonipata huko Natta mpaka nimerudi mpole hivi. Kila aliyeuliza nimempa kipande chake, na vipande vimeanza kugombana. Kuna anayesema nilifukuzwa na tembo, kuna anayesema nilifukuzwa na wakwe wa watu. Tembo hawakunifukuza. Haya, naandika yote mara moja, tumalizane.

Kwa wageni wa kikundi: mimi ni mwalimu wa Historia hapa Itiryo, kwetu Masasi, umri arobaini na moja, sina mke. Wanafunzi wananiita Mwalimu Hoja, jina ambalo kwa miaka mingi nilidhani ni la heshima. Kuna mada moja naipenda kupita kiasi, ile ya Zama za Mwangaza huko Ulaya, watu walipoamua kwamba akili ndiyo iwe hakimu wa kila jambo, kwamba kila mtu avumilie imani ya mwenzake, na kwamba dunia ikifanya hivyo itasonga mbele tu. Wenzangu huimaliza kwa vipindi viwili, mimi hutumia wiki mbili. Juu ya mlango wangu nimeandika kwa chaki AKILI, UVUMILIVU, MAENDELEO. Mama yangu alipoyaona kwenye simu ya video aliuliza kama ni majina ya jumuiya za kanisa.

Nimepanga chumba cha pembeni nyumbani kwa Mwalimu Marwa wa Hesabu, mzaliwa wa hapa hapa. Mkewe ni Wegesa, nesi wa zahanati, kwao Natta. Kwa majuma mengi walikuwa wakizozana, na ukuta wetu ni mwembamba. Wegesa alitaka kuomba uhamisho aende Serengeti, karibu na mama yake. Marwa hakutaka kusikia. Basi mimi, badala ya kuziba masikio kama mpangaji mwenye adabu, nikawashauri wafanye mdahalo.

Nawaambieni nilifanya kweli. Niliandika mada, nikapanga viti, nikaweka simu ihesabu dakika tano kwa kila mmoja. Marwa alisimama akatoa hoja saba, zimepangana vizuri: nyumba wamejenga wenyewe, ng'ombe wako hapa, zahanati ina uhaba wa wauguzi, na kuendelea. Wegesa alikuwa na hoja moja, nami nikaiona dhaifu. Nilijumlisha alama mbele yao. Marwa kumi na sita, Wegesa tisa. Nikamwambia, "Umejitahidi."

Kesho yake asubuhi Wegesa aliomba likizo kazini, akafunga begi, akaenda kwao. Wiki sita hakurudi, na simu ya Marwa hapokei. Marwa alikonda mpaka mkanda ukaongezwa tundu. Nilipomwambia amfuate, akasema, "Nikamwambie nini? Hoja zangu zote saba nimeshazitoa."

Kwa mila, mke aliyerudi kwao hufuatwa na wazee wa upande wa mume. Nikamwambia Marwa kwamba wazee ni wa watu wasio na hoja, na kwamba aliyeharibu ndiye atengeneze. Likizo fupi ilipofika nikatoka, nimebeba karatasi mpya ya alama. Nilikuwa nimesahihisha upya usiku kucha. Sasa Wegesa alikuwa na kumi na saba.

Itiryo hadi Tarime mjini

Safari ilianza kwa kutoanza. Lori la ndizi nililopewa lifti lilikuwa limeshawashwa, ndizi zimefungwa, sisi abiria sita juu yake, na dereva haondoki. Anamsubiri mama mmoja aliyesema anakuja. Saa nzima ikapita. Nikainuka juu ya ndizi nikatoa hesabu: watu sita wanapoteza saa nzima kwa ajili ya mtu mmoja, hizo ni saa sita, na hakuna akili inayokubali. Niliongea kwa utulivu na kwa mifano.

Dereva alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Mwalimu, akija akute tumeondoka, atajisikiaje?"

Nikamwambia hilo si jibu. Akasema, "Sijakujibu, nimekuuliza." Wenzangu wakaendelea kutafuna miwa.

Mama alikuja baada ya nusu saa nyingine, ana jasho, amebeba ndoo ya uji wa ulezi yenye mfuniko. Alikuwa amechelewa kwa sababu alijua wapo watu wanamsubiri na hawajanywa kitu. Alianza kutugawia kwa kikombe kimoja, zamu kwa zamu, na aliponifikia akaniita "mgeni" akanijazia hadi juu. Nilikunywa viwili. Hakuna aliyemwambia nilichosema, na hadi leo nawashukuru watu wale.

Tarime hadi Nyambureti

Basi la kwenda Mugumu lilitufikisha vizuri mpaka tukavuka Mto Mara, nami nikaanza kuamini kwamba mabaya yamekwisha. Likafia karibu na Nyambureti. Kondakta alisema ni kifaa kidogo tu, na kinaletwa kutoka Tarime. Mnaelewa maana yake. Jirani yangu wa kiti, Mzee Nyamhanga, mkulima wa pale, alishuka, akachukua begi langu bila kuniuliza, akatangulia nalo kwenda kwake.

Pale nyumbani walikuwa wamechinja mbuzi mchana ule kwa sababu binti yao amefaulu mtihani. Tukakaa uani, ugali wa muhogo na mtama umefura kwenye sinia, nyama ya kuchoma, na bakuli la kichuri. Nimeishi Mara miaka minane na nimekikwepa kichuri miaka minane. Ni ule mchuzi wa kijani utokao tumboni mwa mbuzi, mchungu, wao huchovyea nyama. Siku ile hapakuwa na pa kukimbilia. Nikachovya, nikameza, machozi yakanilenga.

"Unakionaje?" akauliza mzee.

Hapa ningesema tu kwamba ni kichungu. Lakini mimi ni Mwalimu Hoja. Nikasema, "Mzee, mimi ni mtu wa uvumilivu. Kila watu wana mila zao, nami siwahukumu. Navumilia."

Mzee Nyamhanga aliweka nyama chini. "Unavumilia? Mura, kijana wangu, mtu anavumilia jino. Sisi tumekupa nyama."

Mkewe, Mama Bhoke, alicheka mpaka akajifuta macho kwa kanga. "Muulize kama hata anajua kwa nini tunakiweka."

"Unajua?" mzee akaniuliza.

"Sijui, mzee."

"Umewahi kuuliza?"

"Hapana."

"Miaka mingapi uko kwetu?"

Nikasema minane. Mzee akatikisa kichwa, hana hasira, amesikitika tu. "Basi hujatuvumilia, mwalimu. Umetuacha."

Nilitamani basi lipone saa ile ile. Halikupona, kwa hiyo nikauliza. Akanieleza vipi kinasafisha tumbo baada ya nyama nyingi, vipi baba yake alikuwa anajua mbuzi alikula majani gani kwa kuonja tu, na kwamba mgeni hapewi bakuli lile asipokuwa mgeni wa ndani. Nikachovya tena. Bado kilikuwa kichungu, siwezi kuwadanganya. Ila nililala pale usiku ule nikiwa na aibu mpya, na nilikuwa nimeshiba.

Nyambureti hadi Natta

Asubuhi Mzee Nyamhanga alinitafutia bodaboda, kijana wa makamo aitwaye Mwita, baba wa watoto watano, maana yeye mwenyewe alijitambulisha hivyo: "Mwita, baba wa watano." Njiani nilimpigia stori za maendeleo, nikipiga kelele nishinde upepo. Nikamwambia zamani babu yake angetembea siku mbili kufika Natta na sisi tutafika kabla ya saa sita. Nikamwambia binadamu haturudi nyuma.

Tulipoikaribia Natta, Mwita akasimamisha pikipiki, akaizima, akaanza kuisukuma kinyumenyume. Mbele yetu tembo tisa walikuwa wametoka shambani kwa mtu, bado wana mahindi midomoni, wamesimama barabarani kama wenye nyumba. Tulirudi nyuma hatua kama mia mbili, tukakaa kwenye nyasi. Mwita hakunikumbusha nilichosema kuhusu binadamu. Alinipa muhogo wa kuchemsha.

Tulikaa hapo karibu saa mbili, na ndipo akaniuliza ninakokwenda. Nikamweleza yote, mpaka karatasi ya alama. Akaisoma pande zote mbili.

"Mwalimu, una mke?"

"Sina."

"Uliwahi kuwa naye?"

"Hapana."

"Mtoto?"

"Hapana."

Akafikiri sana. "Sasa pale utaongea kama nani?"

Nikamwambia hoja haina haja ya kujua imetamkwa na nani. Mbili na mbili ni nne, aseme bibi harusi au aseme mlevi. Mwita akakubali kwamba ni nne. "Lakini mimi mke wangu akienda kwao," akasema, "halafu aje mtu hana mke, hana mtoto, ana karatasi, aniambie mbili na mbili ni nne, nitamwuliza kwanza maji ya kunywa amepewa na nani." Sikumwelewa, nikamwambia hivyo. Akasema hata yeye hajui kuieleza, ila ndivyo ilivyo.

Natta

Mama yake Wegesa alitupokea vizuri. Nikampa shikamoo, nikampa na baba mdogo wake Wegesa, mzee mfupi anayevaa koti la mvua hata kwenye jua. Tukapewa viti na maziwa ya mgando. Wegesa alikuwa jikoni, nikamwona kivuli tu.

Nikasimama. Nikakohoa. Nikatoa karatasi. Baba mdogo akainua mkono.

"Umetumwa na wazee gani?"

"Nimekuja mwenyewe, baba."

"Wewe ni nani kwa mume wake?"

"Mpangaji."

Baba mdogo alimgeukia Mwita, ambaye alikuwa amekuja kunywa maziwa tu. "Na wewe?"

"Mimi ni Mwita wa Nyambureti, baba wa watano. Nimemleta."

"Basi ongea wewe."

Jamani. Mtu nimemfahamu tangu saa mbili asubuhi. Nikataka kupinga, lakini tayari wote walikuwa wamemgeukia yeye, nami nimesimama na karatasi kama mtoto aliyesahau shairi. Nikamsogezea Mwita karatasi yangu asome. Akaikunja akaikalia.

"Wazazi," akasema, "kule kwa Marwa nyumba imepoa. Huyu mwalimu ameharibu kitu na hakijui. Amekuja kukiombea radhi. Mumsaidie akijue." Akakaa. Hotuba yangu ilikuwa na sehemu nne.

Mama mtu akaita, "Wegesa." Akatoka jikoni, akakaa kwenye kigoda, akaniangalia kwa muda. Hakuwa amekasirika. Afadhali angekuwa amekasirika.

"Mwalimu, siku ile unakumbuka nilisema nini?"

Nilikumbuka, maana nilikuwa nimeiandika. "Ulisema umechoka kupita pale."

"Ukaniambia nini?"

"Nikakuuliza pale wapi."

"Nikanyamaza. Ukaandika nini?"

"Niliandika kwamba hoja haijafafanuliwa."

"Sasa nafafanua," akasema Wegesa.

Mnakumbuka mwanzoni mwa mwaka alivyolazwa. Wote tulijua. Mimba ilikuwa ya miezi saba. Sisi walimu tulichanga sukari na sabuni, tukapeleka, tukasema pole, tukaondoka, na tangu siku hiyo hakuna mmoja wetu aliyemtajia tena. Nami nilikuwa naishi ukuta mmoja nao. Kwenye mdahalo halikunijia hata mara moja kwamba vitu hivi viwili vinahusiana.

Mtoto hakulia. Alikuwa wa kike. Mtoto wa namna ile hakuwekewa matanga. Wanawake walimzika nyuma ya nyumba, karibu na migomba, wakanawa mikono, wakaondoka. Wiki iliyofuata Wegesa alirudi zahanati kuzalisha wake za watu.

"Kila siku natoka kwenda kazini, napita pale," akasema. "Nikirudi, napita pale. Mume wangu hajawahi kumtaja. Hata siku moja. Anahesabu ng'ombe, anahesabu bati. Pale panapaliliwa, naona ni mama mkwe, labda yeye peke yake anakumbuka. Mimi nikasema nikikaa huku mwaka mmoja tu, kwa mama, nitapumua. Nikaambiwa nisimame nitetee. Dakika tano."

Nikaomba radhi. Sikuwa na maneno ya kupanga, nilisema "nisamehe" mara tatu au nne kama mtu anayegonga mlango. Mwita alikuwa anaangalia chini. Mama mtu aliinuka, akaniongezea maziwa, nami nikayanywa kwa sababu sikujua kingine cha kufanya.

"Nirudi na jibu gani?" nikamwuliza Wegesa.

"Mwambie hoja zake abaki nazo. Mwulize mtoto wetu yuko wapi. Akiweza kulijibu hilo kwa mdomo wake, aje na watu wake. Akishindwa, nitaomba kazi huku, naye asinifuate." Kisha akaongeza, "Na usimfafanulie, mwalimu. Muulize tu."

Natta hadi Itiryo

Ya njiani nitaruka. Basi halikuharibika, tembo hawakuonekana, na niliongea kidogo kiasi kwamba mama mmoja aliniuliza kama nimefiwa.

Nilimkuta Marwa anasahihisha madaftari. Akaruka. "Amesemaje? Amekubali hoja ya nyumba?"

Nilikuwa na hamu ya kueleza mpaka ulimi ukaniwasha. Nikajizuia. "Anauliza, mtoto wenu yuko wapi?"

Marwa alifunika kalamu. Alifunika ya pili pia, iliyokuwa imeshafunikwa. Kisha akatoka nje kwa mlango wa nyuma, nami nikamfuata, akazunguka jiko, akaingia kwenye migomba. Palikuwa na mahali padogo pamezungushiwa mawe ya mtoni, yamechaguliwa yanalingana. Hapakuwa na gugu hata moja. Udongo ulikuwa umelainishwa asubuhi ile ile.

"Yuko hapa," akasema.

Nikamwuliza nani anapalilia. Aliinama akatoa jani la mgomba lililodondoka. Tangu mwanzo alikuwa anakuja kabla Wegesa hajaamka, akaniambia baadaye, ili asimkumbushe. Alidhani mkewe ameanza kusahau, naye hakutaka kumtonesha.

"Sasa nikihama," akasema, "nani atakaa naye?"

Nilisimama pale na elimu yangu yote. Alikuwa ametoa hoja saba kwa mpangilio, na hii haikuwamo. Hakuwa na shida na nyumba wala bati wala upungufu wa wauguzi. Mmoja hakuweza kupita pale, mwingine hakuweza kupaacha, na katikati yao aliketi mpangaji akiwahesabia dakika.

"Marwa, mbona siku ile hukulisema hili?"

Akaniangalia bila ubaya wowote. "Ungenipa alama ngapi?"

Alfajiri ya pili yake aliondoka na shangazi yake na baba mkubwa, wazee wale wale niliosema ni wa watu wasio na hoja. Walikaa Natta siku nne. Sijui kilichosemwa, na kwa mara ya kwanza maishani sikuuliza. Ninachojua ni kwamba walirudi wote, Wegesa kakaa mbele, na Jumapili ile wakawaita majirani pamoja na mchungaji, mtoto akapewa jina. Tukalia kwa sauti, miezi minane imechelewa. Mimi nililia kuliko shangazi.

Uhamisho wameuomba wawili pamoja, na kama mnavyojua wameondoka mwezi uliopita. Siku ya kupakia mizigo Wegesa alinifuata chumbani kwangu. Nikadhani amekuja kuaga.

"Mwalimu, utamwangalia?"

Mdomoni nilikuwa na mambo matatu: kwamba mimi si ndugu, kwamba na mimi naweza kuhamishwa wakati wowote, kwamba bibi yake mtoto ana haki zaidi. Yote matatu yalikuwa ya kweli.

"Nitamwangalia," nikasema.

Akanionyesha jinsi ya kushika jembe dogo ili nisikate mizizi ya mgomba. Kwa hiyo, ndugu zangu, mkiniona nafika kazini na udongo magotini, msiniulize tena kwenye kikundi. Anaitwa Neema.